Kiholanzi cha Karakana Yetu

Nilijifunza Kiholanzi kwa kugombezwa. Hakuna aliyekusudia kunifundisha. Vita Kuu ya Pili ilikuwa inaelekea ukingoni nilipoajiriwa katika karakana ya useremala ya misheni, mwendo wa saa tatu kwa baiskeli kutoka Ibadakuli. Nilikuwa tayari mtu mzima mwenye ndevu. Msimamizi wetu alikuwa bruda Mholanzi, yaani mtawa asiye padri, mrefu, mwenye vidole vinane tu, viwili vikiwa vimechukuliwa na msumeno kabla sijamjua. Kiswahili alikijua, na Kisukuma alikijua zaidi ya Kiswahili. Lakini akikasirika lugha hizo zote mbili zilimtoroka akabaki na ya kwao, na alikuwa mtu wa kukasirika kila siku isipokuwa Jumapili.

Ubao ukikatwa nusu inchi pungufu alisema sentensi fulani. Patasi ikiachwa chini alisema nyingine. Baada ya kuzisikia mara hamsini hamsini nilizielewa, na mwaka wa pili siku moja nikamjibu kwa lugha ile ile kwamba aliyekata ubao pungufu si mimi, ni fundi mwenzangu pale dirishani. Bruda aliweka rula chini. Kisha alicheka mpaka akashika jiriwa ili asianguke. Fundi mwenzangu, ambaye alifanya kazi pale miaka mingi kuliko mimi na hakuwahi kushika hata neno moja la Kiholanzi, aliuliza kilichochekesha, nami sikumwambia.

Tangu siku hiyo Bruda alizungumza nami kwa lugha yake tukiwa kazini. Hakuwa na mwingine. Mapadri wa misheni walitoka nchi nyingine na mezani walizungumza Kifaransa, ambacho Bruda alikisema kwa shida. Alinifundisha na kusoma, kwa magazeti makuukuu ambayo dada yake huko Uholanzi alifungia vifurushi vya soksi. Kwa hiyo nilijua kusoma habari za bei ya maziwa katika mji nisioujua, za mwaka juzi. Sikuona kama ni jambo kubwa. Watu wengine pale Shinyanga walijua Kigujarati kwa sababu walifanya kazi dukani kwa Mhindi.

Kabla sijaendelea nieleze jambo moja la kwetu, maana bila hilo habari hii haina kichwa wala miguu. Kwetu swali zito halijibiwi siku lilipoulizwa. Anayeulizwa husema kwamba amesikia na jibu litaletwa. Na kama jibu ni la kukataa, mdogo halipeleki kwa mkubwa peke yake. Hutafutwa mtu wa makamo, wakaenda wawili, wamevaa nguo nzuri, wakasalimu, wakakaa, wakanywa maji waliyopewa, ndipo likasemwa. Aliyeuliza naye hukaa akingoja, hafanyi lolote mpaka lifike. Sisi tulikua hivyo na hatukujua kwamba kuna watu wasioishi hivyo.

Bruda aliijua desturi hii kwa kuifanya. Nilipochumbia, baba yangu alikuwa amekwisha kufa. Baba wa binti alitaka niache useremala nihamie kwake nikamsaidie kuangalia ng'ombe. Jibu langu lilikuwa hapana, na wa kulipeleka walikuwa katekista wetu mzee, na Bruda. Walikwenda na kanzu zao zimepigwa pasi. Bruda, ambaye hakuweza kukaa dakika kumi bila kumfokea mtu, alikaa kwenye kigoda asubuhi nzima bila kusema neno, kama ilivyompasa mtu wa pili. Baba wa binti akaridhika na namna alivyokataliwa, na binti nikampata. Njiani kurudi Bruda aliniambia, kwa Kiholanzi, kwamba kwao mambo kama haya huchukua dakika tano, kisha watu hawasemezani miaka ishirini.

Jambo jingine ni mbao. Juu ya karakana, kwenye makenchi, zilikuwapo mbao sita za mninga zimefunikwa magunia. Hakuna aliyeruhusiwa kuzigusa. Zilikuwa za jeneza lake. Alizipasua mwenyewe, akaziacha zikauke, na kila mwaka baada ya Pasaka alipanda ngazi kuzikagua kama zimepinda. Mahali pa kaburi pia alikuwa amepachagua, karibu na ua, pembeni ya bruda mwenzake aliyejenga kanisa. Alilisema jambo hili kwa furaha kabisa, tena wakati wa kula, jambo lililomchukiza mke wangu kila Bruda alipotutembelea.

Katikati ya miaka ya hamsini akaja mtaalamu.

Alikuwa Mholanzi pia, si mtawa, kijana mwenye miwani na magoti mekundu, anatoka chuo kikuu cha kwao. Alikuja na kinasa sauti kizito kilichotumia betri ya gari, na masanduku matatu yaliyojaa kadi tupu. Kazi yake, alivyoieleza, ilikuwa kuchunguza Kiholanzi kinavyokuwa katika vinywa vya watu waliotoka kwao zamani. Alisema lugha ya mtu aliyehama husimama mwaka ule alioondoka. Kwao maneno yanaendelea kubadilika, yeye huku anabaki nayo yalivyokuwa. Alitaka kumsikia Bruda, na baada ya hapo avuke kwenda upande wa Geita kuwasikia Makaburu wa machimboni, ambao lugha yao ni kitukuu cha Kiholanzi.

Siku ya kwanza nilidhani watapigana. Mtaalamu alitoka kaskazini ya nchi yao, na herufi fulani aliitoa kooni kama mtu aliyekwamwa na mwiba wa sato. Bruda aliitoa taratibu. Bruda alimwambia azungumze kama Mkristo. Lakini mtaalamu hakukasirika, aliandika. Akafungua ramani iliyokuwa na mstari wa wino mwekundu unaokata vijiji, akaeleza kwamba upande huu wa mstari watu husema "mimi" kwa namna hii na upande ule kwa namna ile, na kwamba kijiji cha Bruda kiko hapa, nyumba kumi tu kutoka mstarini. Hilo nililielewa mara moja. Sisi pia mtu wa dakama, yaani wa kusini, akifungua kinywa tu tunajua ametoka wapi, ila hatukuwahi kumchorea mstari.

Kisha yalianza maswali. Mnaitaje mpini wa fyekeo? Mnaitaje mahali nguruwe anapolala? Mnaitaje ng'ombe mke asiyezaa, na yule aliyezaa mara moja? Bruda alijibu akiwa anapiga randa, bila kuinua macho. Mara nyingine alisimama, akatazama nje, akatoa neno moja alilosema hakulitamka tangu mama yake alipokuwa hai. Maneno hayo ndiyo mtaalamu aliyapenda kuliko yote. Alisema kule kijijini hakuna anayeyasema tena. Kila neno lilipata kadi yake, na juu ya kadi alama ndogo ndogo zinazoonyesha ulimi ulikaa wapi na mdomo ulifumbwa kiasi gani. Nilimtengenezea sanduku la droo nane za kuzipanga. Siku zile niliamini lilikuwa sanduku zuri kuliko kazi iliyowekwa ndani yake, ingawa baadaye ilibidi nipunguze maneno hayo.

Siku ya tatu nilimwomba Bruda gundi. Nilimwomba kwa Kiholanzi, kama kawaida. Mtaalamu aliangusha kalamu. Akaniweka mbele ya kinasa sauti akaniuliza maswali yale yale ya nguruwe, nami nikajibu yale niliyoyajua. Akamwambia Bruda kwamba mimi ni mtu pekee duniani mwenye umri chini ya miaka arobaini anayezungumza Kiholanzi cha kijiji kile cha zamani, tena kwa lafudhi ya Kisukuma. Bruda alimjibu kwamba mimi ni mtu pekee duniani anayekata kiungo cha mbao cha mkia wa njiwa kikakaa bila gundi, na hilo ndilo la kuandika.

Mtaalamu aliniazima kwa mwezi mmoja. Tulipanda treni hadi Mwanza, tukavuka ziwa kwa pantoni, tukapanda lori hadi machimboni. Kazi yangu ilikuwa kubeba betri na kunakili kadi, na kwa ajili hiyo alinifundisha zile alama. Si ngumu. Seremala amezoea kusoma alama za penseli zinazosema kata hapa, acha hapa. Baada ya wiki mbili niliweza kutazama kadi ya mtu nisiyemfahamu na kulisema neno kama alivyolisema yeye, hata sauti ya puani. Mtaalamu alinijaribu mara nyingi, na sikukosea mara nyingi.

Makaburu wenyewe sina mengi ya kusema juu yao. Walikuwa mafundi wa mitambo. Ndani ya nyumba zao sikukaribishwa, nilikaa barazani na betri, waya ukipita dirishani. Mzee mmoja alitoka kuvuta kiko, nikamsalimu kwa Kiholanzi cha Bruda. Akaniuliza nani alinifundisha kusema kama bibi wa bibi yake. Kisha akaniletea kahawa, akatupa kwanza macho huku na huku kuona kama kuna anayemwona, akaniwekea kikombe sakafuni. Niliinywa. Ilikuwa kahawa nzuri, na kikombe kingeweza kuwekwa mezani.

Tulikuwa huko bado barua ilipofika kwa mkono wa dereva wa lori. Bruda ameanguka karakanani. Amepooza upande wa kulia. Ninaitwa nirudi upesi, kwa kuwa hakuna anayeelewa anachosema. Tulivuka ziwa pamoja, mtaalamu akabaki Mwanza kufunga vitu vyake, mimi nikapanda treni. Nilimpenda yule mzee, na sijui kama niliwahi kulijua hilo kabla ya siku ile.

Kiharusi kilikuwa kimefanya jambo ambalo mtaalamu angelifurahia kama lisingekuwa la kusikitisha. Kilifuta Kiswahili. Kilifuta Kisukuma cha miaka thelathini na Kifaransa chote. Kilichobaki ni maneno ya kijiji, yale ya upande ule wa mstari mwekundu. Sista aliyemlisha uji alishukuriwa kwa neno asilolijua, akadhani mgonjwa anaomba chumvi, akaongeza chumvi. Nilipoingia na kumsalimu, Bruda alilia. Nami pia.

Mkuu wa misheni alikuwa mgeni, hajamaliza mwaka, padri mwema mwenye haraka aliyehamishwa kutoka misheni ya nchi nyingine ya Afrika. Jumatatu asubuhi aliniita tukaingia pamoja katika chumba cha mgonjwa. Akasimama upande wa miguu ya kitanda.

"Mwambie," akasema, "daktari amemtazama. Hapa hatuna dawa za kumsaidia. Kwao kuna hospitali, na kuna dada yake. Yule bwana wa lugha anarudi kwao Alhamisi. Ndege ndogo itakayomtoa Mwanza itapita uwanja wa Ibadakuli kumchukua na huyu, wafuatane mpaka nyumbani. Muulize kama anakubali."

Nilimwambia yote, taratibu. Bruda alinisikiliza hadi mwisho. Akasema, kwa mdomo uliopinda lakini kwa maneno yaliyonyooka, "Siendi. Mbao zangu ziko juu."

"Anasemaje?" Padri akauliza.

Hapa ndipo ninaporudi kila mara. Neno lilikuwa moja tu. Nililijua kwa Kiswahili, na Padri alikuwa amesimama hatua mbili kutoka kwangu. Nikasema, "Anasema amesikia, Padri. Jibu litaletwa."

"Vizuri," akasema Padri, akatoka.

Nilimgeukia Bruda nikamwambia kwamba nimejibu tumesikia, na kwamba nakwenda kumtafuta katekista tuje kulileta jibu lake kama inavyotakiwa. Alinishika kifundo cha mkono kwa mkono wake wa kushoto. Akatikisa kichwa kukubali, akafumba macho, na uso wake ukatulia. Alijua utaratibu. Aliwahi kukaa kwenye kigoda asubuhi nzima kwa ajili yangu.

Katekista alikuwa Segese, kwa binti yake, kwenye ubatizo wa mjukuu. Nilifikiria watu wengine wa kwenda nao. Mwalimu mkuu wa shule alikuwa mdogo kuliko mimi. Mjomba wangu angeanza kwa kulalamika juu ya uzio wa misheni uliokula shamba lake. Na niseme kweli kabisa, nilimwogopa Padri. Desturi ilikuwa desturi, lakini siku ile iliegemea upande niliotaka kuegemea. Jumanne alfajiri nikapanda baiskeli.

Nilifika Segese jioni nikiwa na pancha mbili. Katekista alinisikiliza, akauliza maswali matatu, akasema, "Ng'wanone, mwanangu, hili ni letu." Lakini ubatizo ulikuwa Jumatano, na babu hawezi kuondoka kabla ya ubatizo. Padri, kwa tulivyojua sisi, alikuwa anangoja. Tumekwisha sema jibu litaletwa. Nani huhamisha mtu wakati jibu liko njiani? Jumatano mchana tulikula wali, na usiku mzima sikuona sababu ya wasiwasi. Hilo ndilo linaloniuma. Nililala vizuri.

Alhamisi tuliondoka jogoo la kwanza, mzee nyuma kwenye kibebeo, koti lake limefungwa kwenye usukani lisichafuke. Saa saba mchana tulisikia ndege. Katekista alitazama juu akasema ni ndogo, inakwenda chini sana. Nikaendelea kukanyaga. Saa tisa tuliingia misheni. Tulinawa uso kwenye tangi, tukavaa makoti, tukapita kwanza kwa mgonjwa kumwambia tumefika.

Kitanda kilikuwa kimeondolewa shuka. Sista alikuwa anafungua dirisha.

Nilitaka kukimbia, sijui kwenda wapi. Katekista alinishika mkono. Akavuta koti lake likakaa sawa, akaenda mlangoni kwa Padri, akabisha.

"Tumsifu Yesu Kristo."

"Milele amina. Karibuni."

Tuliingia, tukakaa. Padri akatuletea maji mwenyewe, katekista akanywa, nami nikanywa. Kisha mzee akalisema lote, kwa utaratibu wake, kana kwamba mgonjwa yuko chumba cha pili. Kwamba Jumatatu liliulizwa swali, nalo lilisikika. Kwamba Bruda anamshukuru Padri kwa kumjali. Kwamba mbao za jeneza lake zimekauka, ziko juu ya karakana, na mahali pake pako karibu na ua. Kwamba anaomba asiondolewe.

Padri aliweka jagi la maji chini. Alitutazama kwa zamu.

"Nilidhani amekubali. Kwa nini hukuniambia Jumatatu?" akaniuliza.

Katekista alinijibia. "Jumatatu ilikuwa siku ya swali, Padri."

Hakutufokea. Siku hiyo hiyo alimtuma dereva posta na simu ya maandishi ya kwenda Nairobi, lakini ndege yao kubwa iliondoka kabla simu haijafika mezani kwa mtu. Bruda alifika kwao akiwa hai. Hakumaliza mwezi. Dada yake aliandika kwamba alizikwa vizuri, mvua ikinyesha, na kwamba jeneza lilikuwa la msonobari. Niliposoma neno hilo nilikasirika, nikatupa nyundo ukutani. Msonobari ni mbao ya masanduku.

Nilimlaumu Padri kwa haraka yake, kimoyomoyo, karibu mwaka mzima. Kisha nikamlaumu katekista na ubatizo wake. Baadaye nikawa nimemaliza watu wa kulaumu. Mke wangu alisema basi, umekwisha kulaumu watu wengi, pumzika. Karakana ilikuwa imeachwa mikononi mwangu. Mbao hazikushushwa. Baada ya Pasaka nilipanda ngazi kuzikagua kama zimepinda, nikashuka.

Mwaka wa pili kikaja kifurushi kutoka Uholanzi. Ndani yake mlikuwa na barua fupi ya mtaalamu na kitabu chembamba cha jalada la kijivu, makala yake kuhusu lugha ya kijiji kile kama ilivyohifadhiwa na msemaji mmoja Afrika Mashariki. Katika barua aliomba radhi kwa kuchelewa, akasifu droo za sanduku. Makala ilianza na ramani na mstari mwekundu, ambao katika kuchapwa ulikuwa mweusi. Nilisoma nikiwa nimeketi kwenye benchi la kazi, wakati wa chakula cha mchana, mkate mkononi. Niliona mpini wa fyekeo. Niliona ng'ombe asiyezaa. Kila kimoja kilikuwa na alama zake, na alama zilikuwa sahihi.

Ukurasa wa mwisho ulikuwa na sentensi nzima nzima, mifano ya usemi usio wa maswali. Ya mwisho kabisa iliandikwa kwa alama, na chini yake kwa Kiholanzi cha vitabuni. Kwa Kiswahili ingekuwa hivi: "Ngojeni kwanza. Kijana wangu amekwenda kuleta jibu."

Chini kulikuwa na maelezo kwa herufi ndogo. Msemaji aliirudia sentensi hii tangu uwanja wa Ibadakuli hadi Nairobi, kila mlango ulipotaka kufungwa, na mara kadhaa kwa kumshika mkono rubani. Maana yake haikufahamika. Fahamu za mgonjwa zilikuwa zimekwisha kuvurugika. Sentensi imechaguliwa kwa ajili ya uzuri wa irabu zake, ambazo hazikuathiriwa na ugonjwa.

Niliweka mkate chini. Fundi mwenzangu alikuwa dirishani kwake, anapiga randa, hana habari na kitabu wala barua. Nikaanza kusoma zile alama kwa sauti, kama nilivyofundishwa barazani kule Geita, ulimi hapa, mdomo umefumbwa kiasi hiki, pumzi inaachiwa hapa. Nilisoma polepole, halafu mara ya pili kwa mwendo wa mtu anayezungumza.

Randa ilinyamaza. Fundi mwenzangu, ambaye hakuwahi kushika hata neno moja la Kiholanzi, alikuwa amenyooka mgongo na kugeuka kutazama mlangoni, alipozoea kuingilia Bruda, ameficha patasi aliyoiacha chini.